Hedi ya Gari Juu ya Kioo cha Abdalla

Nimechoka kuisimulia safari hii vipande vipande. Mmoja wenu amesikia ya soko la Burma, mwingine amesikia ya kioo, na wa tatu, sitamtaja lakini anajijua, anatangaza nje ya msikiti kwamba nilimuoza mtoto nikiwa nimevaa ovaroli. Si kweli. Nilivaa kanzu. Hali ya hiyo kanzu ni jambo jingine, na nitalifikia. Leo duka limelala, kahawa ninayo mkononi, basi someni yote kwa mpangilio halafu mniache nipumzike.

Kwa asiyejua, Swafiya ni binti wa marehemu kaka yangu Abdalla. Baba yake alipofariki yeye alikuwa bado mtoto wa shule ya msingi, na mama yake akarudi naye kwao Mombasa. Sasa amekua, amepata mchumba, na nikahi ikapangwa Ijumaa baada ya swala ya Alasiri. Baba hayupo, babu hayupo, mimi ndiye ami yake wa pekee, kwa hiyo mimi ndiye walii. Najua ningeweza kumpa mtu uwakili kwa simu. Sheria inaruhusu, na nyote mmenikumbusha hilo kana kwamba silijui. Lakini mtoto alinipigia mwenyewe akasema, "Ami, usimpe mtu uwakili. Nataka unioze kwa mkono wako." Nikamjibu, "Kwa mkono wangu, inshallah." Baada ya kusema hivyo, ningeingiaje Mombasa Jumamosi?

Majengo hadi Kware

Tulitoka hapa Majengo, Nairobi, Jumatano asubuhi, mimi na mama yangu, Bi Zuhura. Mke wangu alikuwa ametangulia na masufuria ya arusi. Mama huwa anakaa mbele, kiti kimesukumwa nyuma mpaka mwisho, kwa sababu magoti yake hayataki kukunjwa. Ndiyo maana sikupanda basi, enyi mliouliza. Mkunjeni nyinyi muone.

Sababu ya pili ilikuwa kioo. Wazee wa hapa mnakumbuka duka la Abdalla la manukato na kofia. Kaunta yake ilikuwa na kioo kinene cha zamani, kizito kama mlango wa benki. Upande mmoja, pale alipokuwa akiwasukumia wateja chenji, sarafu zilikisugua miaka na miaka mpaka pakabaki doa la ukungu, upana wa kiganja. Duka lilipofungwa nilikiweka kioo nyuma ya magunia yangu ya viungo. Swafiya alipochumbiwa nikakipeleka kwa Musyoka, seremala wa mtaa wa Kware, akitengenezee miguu ya mvule kiwe meza ya sebuleni. Siku hiyo tulikuwa tunapitia kukichukua, kisha moja kwa moja Mombasa.

Mnajua Kware ilivyo. Ghorofa zimesimama bega kwa bega, nguo zinaning'inia kutoka juu hadi chini, na njia ni nyembamba hata jua huingia kwa zamu. Mbele yetu mkokoteni wa maji ulikuwa umevunjika gurudumu, mitungi imetawanyika, na kila mpita njia ana maoni yake kuhusu jinsi ya kuunyanyua. Nikangoja injini ikinguruma. Nikangoja sana.

"Salim," mama akasema, "nani apika hapa karibu?"

Nikatazama dashibodi. Mshale wa joto ulikuwa umepanda mpaka pasipo na pa kupanda tena, na mvuke ukaanza kutoka kwenye boneti. Nikazima, nikatoka, nikafungua. Mvuke ukafumuka, watu wakapiga kelele, "Moto! Gari inachomeka!"

Sasa sikilizeni ukarimu wa watu wa Kware. Kule maji hununuliwa mtungi kwa mtungi na kupandishwa ghorofani kwa mgongo. Lakini mama mmoja muuza mboga za sukuma, Mama Mutheu, hakufikiri mara mbili. Alinyanyua mtungi wake mzima, ndio kwanza ameununua, akaja mbio. "Mzee, toka hapo utaungua!" Akaumwaga wote juu ya injini. Jirani yake akafuata na wa kwake. Injini ikalia kwa sauti ambayo sijawahi kuisikia kwenye gari wala kwa mnyama, na mvuke ukakoma. Nikawashukuru kwa moyo wangu wote, na mama akawaombea dua.

Baadaye nilikuja kuambiwa kwamba ni yale maji baridi juu ya chuma kilichochemka yaliyoipinda hedi. Mama Mutheu hajui mpaka leo. Mkipita Kware mkamwona, nunueni sukuma na mfunge midomo.

Mbele ya karakana ya Musyoka

Tulilisukuma gari mpaka kwa seremala, na Musyoka akamwita fundi wa jirani. Akaja mtu mpana, mcheshi, mwenye sauti ya kuita abiria, jina lake Njoro.

"Niaje mzee! Shosho, sasa?"

"Sijambo, mwanangu," mama akasema kutoka kwenye kiti chake. "Lakini jina langu si Shosho."

"Poa, Shosho." Kwa vijana wa Nairobi kila bibi ni Shosho.

Njoro akachomoa kijiti cha kupimia oili, akakiinua juu. Oili ilikuwa nyeupe-nyeupe, yenye povu. "Mzee, hii si oil. Hii ni chai ya maziwa. Maji imeingia ndani. Hii hedi lazima itoke tuicheki."

Mama akataka kujua hedi ni mdudu gani. Njoro akamweleza vizuri, nami nikafaidika pia, maana nilikuwa nikitikisa kichwa bila kuelewa. Injini ni sufuria, hedi ndiyo kifuniko chake, na katikati kuna gasketi ya kuziba ili moto, maji na oili visichanganyike.

"Ala! Kama kuziba kifuniko cha biriani kwa unga," mama akasema.

"Hapo sasa, Shosho! Na hii unga imeungua."

Tangu hapo wakawa marafiki, mimi nikawa msafiri tu. Nilidhani kazi ni kufungua bolti kumi na kunyanyua. Nikamwambia afanye haraka, nina nikahi Ijumaa. Njoro hakukubali kuharakishwa. Alianza na bolti za pembeni akielekea katikati, kila moja akaipa robo ya mzunguko, kisha akarudi kuanza upya. "Nikifungua moja yote mara moja, nitamaliza hedi kabisa," alisema. Kila bolti iliyotoka aliichomeka kwenye kipande cha katoni mahali pake. Mama alipoona hivyo aliniambia, kwa sauti ya kusikika mpaka ghorofa ya tatu, kwamba duka langu lingekuwa na mpangilio kama ule ningekuwa tajiri.

Hedi ikatoka. Gasketi ilikuwa imeungua kati ya silinda ya pili na ya tatu, nyeusi tii. Njoro akaisafisha hedi, akaigeuza uso juu, akaisimamishia rula ya chuma kwa ubavu. Akaniita niinamie. Chini ya rula, pale katikati, niliona mwanga. Akapenyeza ukanda mwembamba wa chuma wa kupimia, ukapita bila kugusa.

"Imebend, mzee."

Nikauliza kama imekufa. Akasema bado kipimo kimoja. Akapaka mafuta ya taa kwenye uso wa hedi, akaufuta mpaka ukakauka, akapukuta juu yake unga wa chaki. Kama kuna ufa, mafuta yaliyojificha ndani yatajitokeza kwenye chaki kama mstari wa maji. Tukasubiri, Njoro, Musyoka, Mama Mutheu, vichwa vyote juu ya hedi. Chaki ikabaki kavu, nyeupe.

"Haina crack," Njoro akasema. "Kesho tunaipeleka Burma, ipigwe plena, ile mashine ya kusawazisha, iwe flat, tunafunga, mnaenda."

Jioni tukarudi kulala Majengo kwa teksi. Siku nzima ya safari, na tukalala kulekule tulikoamkia.

Kware hadi Burma, na mzigo mapajani

Alhamisi mama alikataa kubaki nyumbani. Alisema msafiri haketi kwake. Tukamweka kwenye kiti cha Musyoka kando ya gari, mkoba wake mapajani, nami na Njoro tukapanda tuktuk na hedi. Isichafue kiti, mama alikuwa ameifunga kwa leso yake kuukuu, vizuri kabisa, ncha zote zimekunjwa.

Njiani tukambeba mama mmoja aliyekuwa akienda Makadara. Akaniangalia, akaangalia mzigo niliokumbatia, akavuta miguu yake kunipa nafasi. Tuktuk ikaruka tuta. "Dereva, pole pole!" akafoka. "Huoni mzee amebeba mtoto?" Njoro akageuza uso nje, mabega yakimtikisika. Nikaona aibu kumsahihisha. Yule mama akainama akanong'ona, "Hata halii. Ana miezi mingapi?" Nikasema ni mkubwa kidogo. Mungu anisamehe.

Makadara tuktuk ikafika mwisho wake na tukaanza kutembea. Nje ya mahakama nikapumzisha mzigo ukutani, na leso ikafunguka. Bwana mmoja mwenye suti, aliyekuwa akisubiri kesi yake, akanihurumia. "Mzee, wewe umekuja na ushahidi kabisa! Walikuibia gari lote ukabaki na hiyo tu?" Kabla sijajibu alikuwa ameshaniombea haki na kunipa njugu nusu pakiti. Tukaenda Burma tukizitafuna.

Mwenye karakana ya plena, nyuma ya soko, alitupokea kwa uso wa mtu aliyefiwa. Mashine ilikuwa imenyamaza. Hakuna umeme, stima imepotea tangu alfajiri. Kwenye benchi hedi za wenzetu zilikuwa zimepanga foleni, yetu ikawa ya mwisho.

"Itarudi saa ngapi?" nikauliza.

"Saa yoyote."

Jamani, kuna jibu baya kuliko hilo? Tukaenda kula. Moshi wa nyama choma wa Burma unaweza kumfariji hata mwenye gari lililovunjika. Niliagiza mbavu, ugali na kachumbari, Njoro akachukua mutura, ule utumbo uliojazwa nyama na damu, nikamwonya kisu chake kisivuke kuja upande wangu. Mwenye bucha alipata habari ya arusi akatuongezea kipande cha mnofu, akasema ni cha biharusi. Nilikula nikikodolea macho taa ya dukani kwake. Ilikaa gizani mpaka tukaramba vidole, tukanawa, tukanywa supu ambayo hatukuihitaji.

Alasiri mwenye plena akatuambia ukweli. Hata stima ikirudi, yetu itakuwa Ijumaa au Jumamosi.

Njoro akakaa juu ya tairi akakuna kidevu. "Kuna njia ya kitambo, kabla ya hizi mashine. Unalaza kioo nene, flat kabisa, unabandika msasa, unasugua hedi kwa mkono. Ikifanywa na adabu inatoka fiti. Lakini kioo ya dirisha haiwezi, itavunjika. Nitatoa wapi kioo nene hivyo saa hii?"

Mimi nilijua ni wapi. Kilikuwa kimefungwa blanketi, umbali wa mkono kutoka alipoketi mama yangu. Nikainama kuifunga hedi upya kwenye leso.

Kurudi Kware

Njia yote ya kurudi nilikuwa nimekumbatia hedi na kupigana na nafsi. Kioo kile ndicho kitu pekee cha Abdalla kilichobaki ambacho mtoto angeweza kukigusa. Kikipasuka chini ya chuma, nitamwambia nini? Na nisipokitoa, Ijumaa Alasiri atakaa chumbani amevishwa, akiniulizia, nami nipo Kware.

Tulipofika, mama alikuwa anachambua sukuma na Mama Mutheu kama waliozaliwa pamoja. Akanitazama mara moja tu.

"Wanyamaza nini?"

Nikamweleza. Stima, foleni, kioo. Njoro akasikia, akashika kiuno. "Mzee! Umeniacha nikune kidevu na kioo iko hapa?"

Mama hakumjali. Aliweka mkono wake juu ya blanketi. Nilidhani analia.

"Abdalla," akasema mwishowe, "hakumfukuza mteja hata mmoja kwa kuhofia kaunta yake. Kilazeni."

Juu ya kioo

Musyoka akakilaza kioo juu ya benchi lake, chini ametandika blanketi. Njoro akasimamisha rula juu yake huku na huku, hakuna mwanga. Akapiga mluzi. Akabandika karatasi za msasa wa maji kwa maji ya sabuni, akauchora uso wa hedi mistari ya kalamu nyeusi, akasema, "Mistari yote ikiisha, ndio iko flat. Pole pole, bila kukandamiza. Na tunazungusha, hatuendi njia moja."

Tukaanza. Njoro, kisha mimi, kisha Musyoka. Mistari ya pembeni ikafutika, ya katikati ikabaki inatucheka. Mikono ikachoka. Mvuta mkokoteni wa maji, yuleyule wa gurudumu, akaomba zamu, akasema deni la jana ni lake. Lakini kila mtu alisugua kwa mwendo wake, na Njoro alikuwa akilalamika kwamba tutaipinda upya.

Hapo Bi Zuhura akaomba sinia. Mama Mutheu akamletea la kuuzia nyanya. Mama akaligeuza, akaanza kulipiga kwa vidole na kuimba wimbo wa vugo, ule wanawake wetu huimba wakimtembeza biharusi. Sauti yake imekauka kwa uzee lakini mapigo hayakosi. Mikono yetu ikafuata, ikapata mwendo mmoja. Wanawake wakatoka kwenye ghorofa, hawajui maneno, wakajaza vigelegele. Mtu wa juu akauliza kuna nini, wakamjibu, "Arusi!" Akauliza biharusi yuko wapi, Njoro akainyanyua hedi.

Nilicheka mpaka nikalazimika kukaa chini. Nilikuwa na furaha ambayo sikuitarajia, palepale, kwenye safari iliyokwama.

Katikati mwa kicheko hicho karatasi ikachanika pembeni. Tukasikia mkwaruzo. Njoro akaikamata hedi, tukakifuta kioo. Mstari mweupe ulikuwa umekata karibu na ukingo, umepinda, urefu wa kidole changu hiki. Sinia likanyamaza.

Mama akainamia, akaupitisha ukucha. "Kimepasuka?"

"Hapana, Shosho. Imekwaruzwa tu."

"Basi badilisha karatasi," akasema, akalipiga sinia.

Kabla ya adhana ya Magharibi mstari wa mwisho wa kalamu ulitoweka. Rula ikasimama, nikainama, sikuona mwanga. Njoro akaosha kila tundu, akaweka gasketi mpya, akarudisha bolti kutoka katoni, safari hii akianzia katikati kwenda nje, kisha akaibadilisha ile chai ya maziwa kwa oili safi. Injini ikaitika mara ya pili. Mama Mutheu alileta mtungi wa maji, na safari hii Njoro akaupokea mwenyewe na kuumimina kwenye rejeta, tangi la kupoza injini, polepole, bila kumwambia kitu.

Kware hadi Majengo ya Mombasa

Tuliondoka Ijumaa baada ya Alfajiri, meza nyuma, kioo Musyoka ameshakipachika kwenye miguu yake, mama mbele. Barabara haina mengi ya kusimulia. Njoro alikuwa ameniapisha nisikimbize gari, na nisimame kila mara nitazame maji. Nikasimama Emali, nikasimama Mtito Andei, nikasimama Voi. Mama aliuliza kama tunakwenda arusini au tunasalimia kila jiwe. Mariakani nilifungua boneti nikiwa tayari nimevaa kanzu, na hapo ndipo kanzu ilipopata alama zake mbili. Ovaroli haikuwepo. Tumeelewana?

Adhana ya Alasiri ilikuwa inatoka nilipozima gari nyumbani kwa biharusi. Nikanawa kwa sabuni ya unga, nikanawa kwa limau. Oili haikutoka. Mistari ya viganja ilibaki myeusi, na kucha sisemi.

Desturi mnaijua. Walii humwendea biharusi na mashahidi kumuuliza kama ameridhia. Swafiya alikuwa amekaa kitandani, amefunikwa shela ya kijani, mikono yake juu ya mapaja imechorwa hina nyekundu na piko nyeusi mpaka viwikoni. Nikakaa, nikaweka mikono yangu magotini, nikamuuliza. Nikauliza tena. Mabega yake yakaanza kutetemeka, na shangazi zake wote wakatoa leso kufuta machozi.

Kumbe anacheka. "Ami," akasema chini ya shela, "na wewe nani amekupaka piko?"

Chumba kizima kikaangua. Kisha akaushika mkono wangu mweusi, akaubusu, akasema kwa sauti iliyobadilika, "Nimeridhia. Nioze." Huko msikitini nikamshika bwana arusi mkono, nikamuoza, na nilipouachia kiganja chake kilikuwa na alama yangu. Hakuifuta.

Jioni tukaingiza meza. Nilikuwa nimeitandikia kitambaa cha kufuma, kimewekwa hasa juu ya ule mkwaruzo. Swafiya akakiinua palepale. Kidole chake kikaenda moja kwa moja kwenye doa la sarafu, akaweka kiganja juu yake, kikatosha. Alikaa hivyo kidogo. Kisha akaona mstari mweupe.

"Na hii?"

Mama akanijibia.

"Hiyo ndiyo njia aliyojia ami yako."

Swafiya akakikunja kitambaa, akanirudishia, akasema hatakihitaji. Kipo hapa dukani. Anayekitaka aje akichukue.